Yadi Moja ya Metro Baziuk

Kwa miaka kumi na moja Metro Baziuk alipakia ngano kwa koleo kwenye mabehewa ya treni mjini Regina, Kanada, na jioni akaenda uwanjani kusukumana na wanaume katika futiboli ya Kanada, ile ya kubeba mpira mikononi. Alicheza mstari wa mbele wa walinzi, wanaomzuia mbeba mpira. Watu wa huko hawakushangiliwa. Watazamaji waliwajua kwa migongo tu.

Metro alipotimiza miaka thelathini na minne, Kocha Lindahl akaleta Mmarekani wa kuchukua nafasi yake, Dale Purvis, kijana mwenye shingo ya fahali.

"Jumamosi anaanza Dale," kocha akamwambia Metro. "Akiweza, wewe nakuacha."

"Na asipoweza?"

"Ataweza."

Purvis akacheka. "Mzee, nenda kapumzike. Magoti yako yanalia kama mlango wa zizi."

"Mlango wa zizi ndio unaozuia ng'ombe," Metro akasema. "Halafu sikiliza, kijana. Huku anayezuia husimama yadi moja kutoka kwenye mpira. Si pua kwa pua kama kwenu."

"Nimeambiwa."

Kichwa chake kiliambiwa, miguu haikusikia. Siku ya mechi, upepo ukikata masikio, Purvis alisogea mpirani kabla haujachezwa, kama alivyozoea kwao. Filimbi. Akasogea tena. Filimbi. Kwa adhabu hizo mbili wageni walifika karibu na mstari wa goli. Wakabakiwa na jaribio la tatu, la mwisho, na nusu yadi tu ya kupata ili wabaki na mpira.

Kocha akatazama benchi. Metro alikuwa ameshasimama, akaingia badala ya Purvis.

Nusu yadi, na yeye yuko yadi nzima nyuma: hesabu hiyo ilikuwa dhidi yake maisha yote. Hakumtazama mtu usoni. Alitazama vidole vya yule aliyeinamia mpira, kwani vidole huwa vyeupe kabla tu mpira haujatoka. Vilipokuwa vyeupe akakaza nyonga. Mpira ulipotikisika akaondoka, chini kabisa, na bega lake likakutana na mbeba mpira kabla hajanyoosha mguu. Wakaanguka pamoja. Waamuzi wakaleta mnyororo wa kupimia. Mpira ulikuwa umepungukiwa kiganja kimoja, na wageni wakaupoteza.

"Baki humo," kocha akapaza sauti.

Akabaki misimu mitatu zaidi, Purvis akicheza kando yake, akiwa ameshajifunza kusubiri. Goti la kulia lilipokataa kabisa kupinda, Metro mwenyewe alipanda ngazi za ofisi ya kocha, taratibu, akiushika ukuta, akasema amemaliza kabla kocha hajafungua mdomo.