Niliandika Maisha Yangu, Mama Akafukuzwa Kwake

Kwa msimamizi wa ukurasa huu pamoja na wafuasi wake wote, salamu zangu za heshima zitangulie. Naomba jina langu lisitajwe. Mimi ni mwanamume wa miaka arobaini na saba, nina mke na watoto, na ninaishi Kibomet hapa Kitale, ambako nimeajiriwa kuuza mbegu na mbolea. Masomo yangu yalikomea kidato cha pili. Kiswahili hiki nilijifundisha mwenyewe kwa kamusi na redio, na ninajivunia kukiandika inavyostahili.

Kwa miaka kadhaa nimekuwa nikiandika kitabu cha maisha yangu. Si kwamba nimetenda makuu. Niliona tu kwamba watu wa hali yangu hufa bila hata ukurasa mmoja unaosema walikuwa nani. Sura ya kwanza niliipa jina "Mimi ni Nani", na kwa kuwa sikutaka kuandika jambo nisilolijua, nilisafiri hadi nyumbani, upande wa Kibabii kule Bungoma, nikamwuliza mama habari za kuzaliwa kwangu.

Mama alikuwa akichagua maharagwe. Hakuinua uso.

"Mwenye alikuzaa si huyu tulizika," alisema. "Alikuwa anauza nguo kule mjini, karibu na msikiti. Baba yako alinioa nikiwa na wewe kwa tumbo, na alijua. Hajawahi kunirushia hiyo maneno hata siku moja."

Nilimwuliza kama ninaruhusiwa kuliandika jambo hilo.

"Andika. Lakini watu wasome nikishaenda."

Niliandika, na ninaamini hakuna nilichowahi kuandika vizuri kuliko kurasa zile zinazomhusu baba. Kisha nikatenda kosa ambalo halitarekebishika. Si adabu kwetu kuchapisha majina ya mababu kabla mkubwa wa ukoo hajayasikia. Kwa hiyo nilimpelekea baba mdogo, ndugu wa marehemu baba, sura hiyo nzima ili ayahakiki majina. Nilijiambia kwamba yeye si katika hao "watu" aliowataja mama, bali ni mwenyewe wa nyumba, na kwamba alichokijua baba, bila shaka nduguye alikijua pia. Hakukijua. Baba alikufa nacho kifuani.

Kikao kiliitishwa upesi. Sisi Wabukusu, mwanamume hasimami kusema mbele ya wazee kabla ya kutaja ukoo wake. Nikasimama, katika ua uleule nilikotahiriwa, nikaanza kama nilivyozoea maisha yangu yote.

"Mimi ni wa ukoo wa..."

"Wa ukoo gani?" baba mdogo alinikata. "Taja ule wa dukani, bana, tusikie!"

Watu wakacheka. Wengine walikuwa rika langu, tuliotahiriwa pamoja.

"Baba mdogo, naomba unisikilize."

"Ati nikusikilize? Si ni wewe umeandika? Keti, kijana. Hapa wanasema wenyewe."

Nikaketi. Nilikuwa nimetayarisha maneno mazuri, lakini asiye na ukoo wa kutaja hana ruhusa ya kuyatoa. Kesho yake mama aliambiwa kwamba aliingizwa katika boma hilo kwa udanganyifu, na kwamba afunge vitu vyake. Nilimleta hapa Kibomet akiwa na godoro na sufuria zake. Hakunilaumu kwa neno lolote, na hilo ndilo linalonitafuna.

Nilikwenda pia upande wa pili. Duka la nguo bado lipo, na linasimamiwa na mtu mwenye paji la uso kama langu. Alinikaribisha chai kwa heshima, akanisikiliza hadi mwisho.

"Ndugu yangu," alisema, "mzee wetu alifariki na hakututajia mtu. Mimi siwezi kufungua hiyo mlango peke yangu. Tutakuombea dua. Lakini tafadhali, usirudi hapa, mama yangu bado yuko hai."

Sikurudi.

Sasa mama ni mgonjwa, amelazwa hospitalini, na hamu yake ni moja tu: azikwe kando ya mumewe. Nilimpigia baba mdogo simu kumsihi. Amekubali kwa sharti moja. Jumamosi hii nisimame kando ya kaburi la baba, niape kwamba nilitunga yote, kwamba mama hakuniambia kitu. Hapo mama atarudi. Mimi nitaondoka kama mwana aliyemsingizia mama yake, nisikanyage tena huko, hata siku ya mazishi yake.

Nilikuwa tayari kuapa. Nilimweleza mama hivyo nikidhani atafarijika.

"Na yule mzee je?" aliniuliza. "Alinichukua kama watu wote wamenikimbia. Sasa ndiyo wamejua. Ukisema ni uongo, hiyo roho yake nzuri nani ataijua?"

"Basi nisiape, mayi?"

"Mimi nataka kulala karibu na yeye," akasema, na akageukia ukutani.

Ndugu wasomaji, nimepima pande zote mbili na sioni penye nuru. Nikiapa, ninamfuta mtu pekee aliyetutendea wema, na kazi yangu yote inageuka uzushi kwa kinywa changu mwenyewe. Nisipoapa, mama atazikwa ugenini kwa sababu ya kurasa zangu. Jana daktari alinishauri nimtoe wodini nikamtunze nyumbani. Mama akaniuliza ni nyumbani wapi. Jumamosi imekaribia. Kwa unyenyekevu naomba mnielekeze: niape, au ninyamaze?