Mlango wa Damian Uliotazama Nyuma

Damian Kamili alikuwa na mdomo. Tuliseme hilo mapema, tusije tukamhurumia kupita kiasi. Seminarini walimfundisha Kilatini, akakipenda. Wakamfundisha kunyamaza, akafeli. Mwaka wake wa mwisho alikuta kitabu kisicho na jalada katika sanduku la padri mmoja marehemu, kitabu kilichoeleza mawazo ya Waingereza wa karne iliyopita juu ya furaha ya watu na uhuru wa mtu mmoja mmoja. Tangu siku hiyo hakuna padri aliyefundisha darasa lile akamaliza kwa amani. Mwishowe mlezi alimwita, akamwambia kwa upole kwamba Mungu ana kazi nyingi na si zote zinazohitaji kanzu. Damian akafunga virago, akarudi kwao upande wa Ushirombo, akamwoa Melania, akaanza kufuga nyuki. Nyuki walimvumilia kuliko mapadri.

Mwaka 1974, watu walipohamishiwa vijijini, Damian na mkewe na binti yao Serafina walijikuta Isangano, kijiji kipya cha nyumba mia moja na kumi na tatu, zimepangwa mistari miwili kandokando ya barabara ya vumbi inayoelekea Geita. Halmashauri ya kijiji ilikubaliana kwamba milango yote itazame barabarani, ili mgeni akipita aone watu walioendelea. Damian alijenga nyumba nzuri, kuta zimenyooka, lakini mlango akauweka nyuma. Alitaka akiamka aone msitu wa miombo na mizinga yake juu ya miti, wala si matairi ya lori la pamba.

"Nyuki nawasalimu kwanza," alisema. "Binadamu watanisubiri."

Jirani yake wa mkono wa kulia, Mama Cornel, bibi aliyebatizwa Epifania, alicheka mpaka akashika mbavu. Mlango wa bibi huyu ulikuwa karibu na barabara kuliko mingine yote, na mwenyewe ndiye aliyechagua kiwanja. Mwanawe wa pekee, Cornel, alikwenda Geita kutafuta dhahabu mwaka 1969 na hajarudi. Kila jioni bibi aliweka kigoda mlangoni, akawa anawatazama wapitao mmoja mmoja.

Ilipokuja kampeni ya kisomo, Damian akawa mwalimu wa kujitolea. Kila alasiri watu wazima walikusanyika mbele ya ubao, wengine wana wajukuu, wakapigana na herufi. Adui mkubwa alikuwa r. Wasukuma na Wasumbwa wa Isangano waliiona r kama l iliyovaa kofia, wakaivua kofia bila kufikiri. "Rudi" ikawa "ludi", "barua" ikawa "balua". Damian aliunguruma kama simba kuwaonyesha ulimi unavyotetemeka, nao wakaunguruma kwa furaha, kisha wakaandika "fulaha".

Neno hilo ndilo lililomponza. Siku aliyolifundisha alishindwa kujizuia, akawasimulia habari za Mwingereza wake wa kwanza, yule aliyesema kwamba jambo jema ni lile linalowapa watu wengi furaha nyingi, na kwamba furaha na maumivu vyaweza kupimwa na kulinganishwa. Mwenyekiti wa kijiji, Mabula, mtu mnene, mwema, mpenda hesabu, alikuwa benchi la mbele. Akatoa macho.

"Kama pamba kwenye mizani!" alisema.

"Kama pamba," Damian alikubali. "Ila mizani hiyo ina hatari yake. Kesho nitawaeleza Mwingereza wa pili, huyo alifundishwa Kigiriki akiwa na miaka mitatu, maskini, na alipokuwa mkubwa akasema furaha bila uhuru haikamiliki."

Kesho yake Mabula hakuja. Mvua ilikuwa imenyesha, akaenda kupalilia pamba. Akabaki na nusu ya somo kichwani, na nusu hiyo akaipenda sana.

Miaka miwili ikapita hivyo, hadi ilipovuma habari kwamba wageni kutoka wilayani watatembelea kijiji. Mabula alipita barabarani kukagua, akaona milango mia moja na kumi na miwili ikimtabasamia na ukuta mmoja mtupu. Akaitisha mkutano.

"Mwalimu, nyumba yako inawapa wageni mgongo. Kwetu mtu akimpa mgeni mgongo amemtukana. Nyumba mia moja na kumi na mbili zina aibu kwa sababu ya nyumba moja. Pima mwenyewe. Si wewe uliyetufundisha fulaha ya wengi?"

Watu wakacheka, maana samaki alikuwa amenaswa kwa ndoano yake mwenyewe. Damian pia alicheka, lakini akasimama.

"Mlango wangu umemwumiza nani? Umemwibia nani kuku? Mtu asiyemdhuru mwenzake aachwe aishi anavyoona, hata kama ninyi nyote mnamwona mjinga. Mnishauri, mnicheke, mninunie. Kunilazimisha, hapana."

Pengine angekomea hapo mambo yangeisha. Lakini nimesema alikuwa na mdomo. Akaongeza kwamba hata ng'ombe wakikubaliana wote kutazama upande mmoja, haina maana upande huo ndio wenye majani. Wazee wakachukia kuitwa ng'ombe. Wakaamua atengwe mpaka ageuze mlango na achinje fahali, kijiji kizima kipate kula.

Kutengwa kwa kule si mchezo. Hakuna anayekusalimu, hakuna anayekupa kaa la moto, dukani huuziwi hata chumvi, na ukifiwa utazika mwenyewe. Kunaisha siku moja tu, siku watu watakapoketi kwako na kula chakula chako. Tonge likishashuka tumboni hakuna wa kulirudisha, nawe umekuwa mtu tena.

Wiki ya kwanza Damian alijitia ushujaa. Alisema ameokoa muda mwingi, maana salamu za Kisukuma zina mlolongo. Melania hakucheka. Yeye ndiye aliyefika kisimani wanawake wakanyamaza, akateka maji akisikia sauti ya ndoo yake tu. Alikuwa anaumia, na kilichomuumiza zaidi kilikuwa ndoa. Serafina alikuwa amechumbiwa na kijana wa Tinde, matangazo yamesomwa kanisani mara mbili, na wakwe walikuwa wanakuja baada ya wiki tatu. Wakwe wakifika wakakuta bibi harusi hana jirani hata mmoja wa kumpigia vigelegele, watawaza nini? Watawaza uchawi, watageuza njia.

Serafina alimfuata baba yake kwenye mizinga.

"Baba, uhuru wako naupenda. Lakini siku yangu nani atanichezea ngoma? Nyuki?"

Damian aliiacha mizinga. Alirudi nyumbani, akachukua sululu, akasimama mbele ya ule ukuta wa barabarani. Melania alikuwa anachambua mchele.

"Baba Serafina, ukigeuza kwa ajili ya mtoto, geuza, nami nitakushukuru," alisema. "Ila ukigeuza kwa kumwogopa Mabula, usije ukaninunia humu ndani miaka ishirini."

Damian aliweka sululu chini. Alimpenda sana mwanamke huyu. Kisha akavaa shati la Jumapili, akaenda kwa Mabula, akaongea na mlango uliofungwa, kwa kuwa mwenyekiti hakuruhusiwa kumjibu.

"Mwenyekiti, wazee waliamua kwa niaba ya wote. Na wote waulizwe, mmoja mmoja, kwa karatasi, wake kwa waume. Waje kwangu Jumapili wauone huo mlango kwa macho, ndipo wapige kura. Nikishindwa, nitageuza kabla ya harusi, na fahali nitamtafuta."

Ndani kimya. Lakini Mabula alikuwa mpenda hesabu, na kuhesabu karatasi mia mbili ilikuwa sikukuu kwake. Akakohoa mara moja kuonyesha amekubali. Kesho yake akachukua chaki, akaenda kwenye ubao wa duka la ushirika, akaandika kwa herufi kubwa, kwa fahari ya mtu aliyejua kusoma ukubwani:

JUMAPILI BAADA YA IBADA KUTAKUWA NA KULA KWA DAMIANI. WATU WAZIMA WOTE WAJE.

Kisha akapanda baiskeli kwenda Ushirombo kutafuta karatasi. Damian ubao huo hakuuona, maana duka lilikuwa haramu kwake.

Jumapili, jua limeanza kuegemea magharibi, Damian na Melania waliwasikia watu kabla ya kuwaona. Walikuwa wanaimba. Mwalimu akafikiri, hawa wapiga kura wana moyo. Kisha wakatokea kwenye kona ya nyumba, na mbele alikuwa Epifania na bakuli lake la mti kifuani. Nyuma yake wanawake na vikapu vya unga na michembe, vile viazi vikavu visivyokosekana kwetu, wanaume na kuni begani, na mitungi mitatu ya pombe ya mtama.

"Mwadila, Mwalimu!" bibi alisema. Ilikuwa salamu ya kwanza kwa siku kumi na saba, na Melania alilia palepale bila kujificha. "Umefanya vizuli kukubali yaishe. Fahali hatumwoni, lakini tumeona tukusaidie. Nani asiyejua kwamba una halusi?"

Damian alitazama bakuli, akatazama unga, akaelewa yote.

"Miaka miwili," alinong'ona. "Miaka miwili nimemngurumia Mabula hiyo r!"

Melania alimfinya mkono kwa nguvu. Serafina alikuwa tayari anakumbatiana na rafiki zake. Jiko likawashwa, majogoo wawili wakasalimu amri, asali ikatolewa chunguni, na watu wakaketi upande ule wa mlango, kwenye kivuli cha nyumba. Upepo ulikuwa unatoka msituni. Lori lilipita barabarani, likaacha wingu lake huko mbele, na huku nyuma hakuna aliyekohoa. Watu waliliona hilo, wakatazamana kidogo.

Mikono ikanawishwa, masinia yakawekwa. Damian angeweza kunyamaza. Mtu mwingine yeyote angenyamaza, na nakiri mimi ningenyamaza. Alitazama binti yake, akasimama.

"Ndugu zangu, subirini kabla ya tonge. Sijamaliza shauri wala sijageuza kitu. Mwenyekiti alitaka kuandika kura, ile ya karatasi, yenye r. Ameandika kula. Mkila mmenirudisha, na mimi sitaki mtu anirudishe kwa kukosea herufi. Ale anayetaka kwa hiari yake."

Serafina alijifunika uso kwa kanga. Mikono ilining'inia hewani juu ya ugali unaofuka moshi.

"Mwalimu," Epifania akasema, "hiyo helufi yako, ela, inaliwa?"

Mtu mmoja alicheka puani.

"Mimi nimekwenda kwenye ubao kwa miguu yangu, nikasoma kwa macho yangu. Aliyenifundisha kusoma ni wewe. Leo unaniambia sijui kusoma? Imeandikwa kula. Na kama ilikuwa ile nyingine, basi yangu ni hii hapa." Akamega tonge kubwa, akalichovya kwenye mchuzi, akalitia mdomoni huku anamkodolea macho.

Kicheko kilichofuata kiliwatisha nyuki. Mikono ikashuka. Wazee watatu tu walisimama, wakasema wao watasubiri karatasi, wakaenda zao, na Damian akawasindikiza kwa heshima mpaka barabarani.

Mabula alifika amechelewa, ana vumbi mpaka kwenye kope, kwa kuwa baiskeli ilipata pancha njiani. Mkononi alikuwa na kopo tupu la mafuta ya kupikia lililotobolewa tundu la kutumbukizia karatasi.

"Mnafanya nini?"

"Tunapiga kula, Mwenyekiti," walijibu kwa midomo iliyojaa, "kama ulivyoandika."

Mabula akaelewa polepole, na uso wake ukapita rangi kadhaa. Kisha mapenzi ya hesabu yakamshinda. Akawahesabu walioketi, akauliza walioondoka, akatoa hawa kwa wale, akakuta walioketi wameshinda. Akaliweka kopo chini, akaomba michembe.

Harusi ilikuwa kubwa. Wakwe kutoka Tinde waliingizwa kwa mlango wa nyuma huku ngoma zikilia, wakadhani ndiyo mila ya Isangano, wakaisifu. Wageni wa wilayani walikuja na kuondoka, hawakuuliza kitu juu ya milango. Fahali hakuna aliyemtaja tena.

Lakini kisa hakikuishia hapo. Mwaka uliofuata nyumba sita zilitoboa milango ya nyuma, kisha ishirini. Watoto walipunguza kukohoa. Mabula akaitisha mkutano, akiwa na karatasi ya tarakimu mkononi.

"Nimepima," alisema. "Upepo ni mzuli, vumbi hakuna, watu wengi wana fulaha. Napendekeza milango yote ya Isangano igeuzwe itazame msitu, na ya balabalani izibwe. Tumkubali Mwalimu kwamba aliona mbali."

Watu wakapiga makofi, wakageuka kumtazama Damian. Nyuso zote zilikuwa zinamchekea kwa upendo, na nisiseme uongo, moyo wake ulivimba. Mikono ikapanda mmoja baada ya mwingine. Melania alipandisha wake. Ndipo Damian akaona mikono miwili ya kizee imelala juu ya kanga, haijapanda. Ilikuwa ya Epifania. Alikuwa anatazama chini tu.

"Napinga," Damian alisema.

"Wewe!" Mabula nusura adondoshe karatasi. "Mwalimu, ni mlango wako huo!"

"Ni wangu, ndiyo maana sitaki mtu alazimishwe nao. Mama Cornel ana haja na barabara."

Watu wakageuka kumtazama bibi, wakakumbuka, na mikono ikaanza kushuka kwa haya.

"Lakini fulaha ya wengi, Mwalimu..."

"Mwenyekiti, siku niliyofundisha nusu ya pili ulikwenda kupalilia pamba. Kaa chini nikufundishe."

Mabula akaketi kwenye benchi la mbele, karatasi yake magotini. Jioni ile Epifania akatoa kigoda chake, akakiweka mlangoni, akawa anatazama barabara ya Geita.