Pua ya Kuazima

Mvuje haunuki kama chakula. Nalisema hili mwanzo kabisa, asije mtu akaniambia nimekosa adabu kwa kuuchukia mchuzi uliotulea. Mvuje ni utomvu mgumu wa rangi ya kahawia, unauzwa vipandevipande, na Mama aliuhifadhi ndani ya kopo, kopo hilo ndani ya kopo jingine, na makopo yote mawili ndani ya mfuko wa plastiki uliopigwa fundo. Bado ulinuka. Ulinuka kama kitunguu kilichoozea ndani ya soksi. Chema chajiuza, kibaya chajitembeza, na ule ulitembea kutoka jikoni mpaka kitandani kwangu bila kupiga hodi.

Mama alikuwa mpishi wa nyumbani. Kwa miaka kumi na tisa alimpikia mama mmoja aliyetoka kusini mwa India, yeye na mumewe na watoto wao, na kilichopikwa karibu kila siku kilikuwa sambar: mchuzi wa mbaazi zilizopasuliwa, unaotiwa ukwaju, mboga na viungo vya kusaga, kisha unamaliziwa kwa haradali na mvuje vilivyokaangwa katika mafuta ya moto. Katika nyumba ile hakuna aliyeonja chakula kikiwa bado jikoni, hata mwenye nyumba mwenyewe. Sahani ya kwanza ilipelekwa kwenye madhabahu yao ndogo, halafu ndipo watu walipokula. Basi Mama akajifunza kupika kwa pua. Mwenye nyumba, ambaye hakuwa mtu wa kusifu ovyo, aliwaambia wageni wake kwamba pua ya mpishi wake inashinda ndimi zao zote.

Mimi nilipata upande wa pili wa sifa hizo. Jioni Mama alirudi na ile harufu kwenye nywele, kwenye mishono ya blauzi, chini ya kucha. Alipotaka kunikumbatia nilimpa bega tu, uso nimeugeuzia ukutani. Naona aibu kuandika hivyo, lakini ndivyo ilivyokuwa. Nilikuwa mtoto wa kukinai. Utando wa maziwa, ute wa bamia, kijiko kilichotoka kinywani mwa mtu mwingine, vyote vilinichafua roho. Nyumbani wakaniita Bibi Kinyaa, na mpaka leo, mtu mzima mwenye saluni yangu ya kusuka, kaka yangu haniiti jina jingine. Yeye kaka anakula chochote kisichomkimbia.

Mwaka juzi ile familia ilihama. Miezi michache baadaye Mama akashikwa na mafua makali yaliyomlaza wiki mbili. Alipoinuka alikuwa mzima, isipokuwa jambo moja, na hilo alilificha. Tuligundua asubuhi alipotumiminia chai ya maziwa. Maziwa yalikuwa yamechacha, mabonge meupe yanaelea juu, na mimi nilikuwa nimeshapiga funda zima kabla sijatazama. Nilikimbilia sinki. Kaka akaja nyuma yangu akatema, na kaka kutema kitu si jambo dogo. Tulipogeuka, Mama alikuwa amemaliza kikombe chake, anajimiminia cha pili.

"Mama, husikii harufu?"

Akaweka birika chini polepole. "Sisikii kitu," akasema. "Tangu yale mafua. Hata wali nautafuna kama karatasi."

Daktari alisema pua inaweza kurudi, inaweza isirudi. Haikurudi. Mama, ambaye sijawahi kumwona amekaa saa moja mfululizo mchana, akawa mtu wa kiti. Alikaa dirishani na jani la mnanaa kiganjani, analifikicha, analipeleka puani, analitupa. Kila siku jani jipya. Nilichukia kumwona kwenye kile kiti kuliko nilivyouchukia mvuje, nami si mtu wa kusema hivyo kwa mzaha.

Kisha kaka akaleta habari. Karibu na kazini kwake kuna karakana kubwa ya mitambo, na mafundi wake wengi wametoka kusini mwa India. Walikuwa wamechoka na chakula cha kantini, na meneja wa kantini alitangaza kwamba anayejua kupika sambar alete sufuria moja saa sita mchana, Jumamosi ya mwisho wa mwezi, mafundi waonje. Atakayewaridhisha ataanza kazi.

Mama akasimama kutoka kwenye kiti. "Nitakwenda."

"Utapikaje bila pua?" kaka akauliza.

"Kinyozi hajinyoi. Nitaazima." Akanitazama mimi.

"Mama, tafadhali. Muazime kaka."

"Huyu? Huyu ukimpa majivu atauliza kama yamebaki. Wewe umeuchukia mchuzi wangu tangu darasa la kwanza, na hujakosea hata siku moja."

Mkono wake bado ulijua chumvi, ukwaju na pilipili, alivipima kwa viganja na vidole. Kilichompotea kilikuwa mwisho wa mchuzi. Mvuje hauna kipimo, kipande hiki kikali, kile kimepooza, na bila pua hutajua umekamata kipi. Ndipo akanitungia mizani yake. Nikikunja uso tu, mchuzi bado. Nikitapika, amezidisha. Nikishindwa kukaa jikoni nikatoka nje, hapo umefika.

"Wa kutoka nje," akasema, ameridhika. "Ndio huo ninaoutaka."

Hivyo ndivyo nilivyopoteza Jumapili zangu tatu. Saluni imefungwa, wenzangu wamejilalia, na mimi niko kwenye jiko lisilotosha watu wawili natazama mbaazi zikitoa povu la kijivu linalopanda hadi ukingoni. Mama aliliengua kwa kijiko na kulimwaga kwenye bakuli, na bakuli likakaa pale, linatetemeka. Alikamua ukwaju kwa vidole mpaka ukatoa uji wa rangi ambayo sitaitaja. Alikata bamia, ute ukavutika kutoka ubaoni hadi kwenye kisu kama kamasi. Alitumbukiza vipande vya matunda marefu ya mlonge, ambayo hayaliwi, yanafyonzwa tu na makapi yanatemwa, na kaka, aliyedai sahani yake kabla mchuzi haujamaliziwa, aliyatema pembeni mwa wali, kirundo cha nyuzi zilizotafunwa. Kisha akakiacha kirundo kile mezani akaenda kutazama mpira.

Yote hayo yalikuwa maandalizi tu. Mama alipasha mafuta, haradali zikaanza kupasuka, akatupia majani ya mchuzi, kisha kipande cha mvuje. Moshi ulinipiga usoni. Jumapili ya kwanza nilikunja uso, akaongeza. Ya pili nilitapika kwenye ndoo ya maganda, naye akanishika paji la uso, anacheka na kuniomba radhi kwa pamoja. Ya tatu nilitoka nje nikaketi kwenye ngazi za jengo nusu saa, kichwa katikati ya magoti, jirani anapita ananipa pole kwa ujauzito. Mama alikuja mlangoni akaniangalia kwa muda mrefu. Hakucheka siku hiyo.

Jumamosi ilipofika aliamka kabla yetu. Saa nne na nusu mchuzi ulikuwa tayari, sufuria imefutwa nje, kitambaa cha kuifungia kimepigwa pasi. Nilisogea nimejiandaa, mkono mmoja umeshika kitasa cha mlango. Alifunua kifuniko. Nikavuta pumzi.

Mate yakanijaa kinywani.

Nikavuta tena. Kulikuwa na ukwaju, kulikuwa na giligilani iliyokaangwa, vitunguu vidogo vilivyoiva, kitu chenye joto na chenye upole. Nilitaka kijiko. Mimi, Bibi Kinyaa, nilitaka kijiko na sahani, na hofu iliyonishika hapo sijapata kuijua hata kwa daktari wa meno.

"Je?" Mama akauliza. Alikuwa amevaa viatu vyake vya kutokea.

Ningeweza kutoka nje nikajifanya. Niliwaza hivyo, naungama. Lakini wale mafundi wangeonja, si mimi.

"Mama," nikasema, "ni mtamu."

Akakaa kwenye kigoda kama mtu aliyepokea habari ya msiba. "Mtamu vipi?"

"Mtamu. Naweza kuula."

"Labda umezoea."

Hilo lingekuwa baya zaidi, kwa sababu pua iliyozoea haifai kuazimwa tena. Nikachukua ule mfuko, nikafungua fundo, kopo, na kopo, nikaunusa mvuje. Nikaufunga haraka huku machozi yananitoka. Pua yangu ilikuwa nzima. Kilichoharibika kilikuwa mchuzi.

"Umetia kiasi gani leo?"

Akawa anakunja pindo la kitambaa cha sufuria, analikunjua.

"Mama. Kiasi gani?"

"Robo," akasema. "Robo ya Jumapili."

"Kwa nini?"

"Kwa sababu nilikuona pale kwenye ngazi!" Sasa alikuwa amekasirika, naye hukasirika hivyo anapojua kwamba mwenye kosa ni yeye mwenyewe. "Uso umekuwa wa kijivu kama mtu wa kufa. Nikajiuliza, mimi ni mama gani, kila wiki namtesa mtoto kwa ajili ya mchuzi wa watu? Miaka kumi na tisa nimekuja kwako nanuka, ukanipa bega, nikanyamaza. Hata leo tena? Nikapunguza. Nilidhani wenyewe hawatajua."

Nilisimama pale na kopo mkononi. Alikuwa akijua kuhusu lile bega. Siku zote alikuwa akijua, na hakunilaumu hata mara moja, na nilijichukia kwa nguvu ambayo mvuje haujawahi kuipata kwangu.

"Washa jiko," nikasema.

"Muda hautoshi."

"Washa jiko, Mama. Niambie mafuta kiasi gani."

Akawasha. Vijiko viwili, akasema, na haradali zikilia usisubiri. Kopo la mvuje hakuligusa. Nilivunja kipande mwenyewe, kwa vidole vyangu, kikanata kwenye kucha, nikakitupa ndani ya mafuta na kumwaga yote juu ya mchuzi. Ukachemka kwa hasira. Moshi ukaniingia mdomoni kwa sababu nilikuwa nimesahau kuufunga. Nilifika kwenye ngazi nikiwa nimeshika ukuta, na jirani yule yule akaniuliza kama nimeshaanza kliniki.

Niliporudi Mama alikuwa amesimama jikoni, mikono imening'inia, ananingoja.

"Mchuzi unachukiza," nikamwambia. "Mama, unachukiza kabisa. Ni wa kutoka nje."

Akafunga sufuria.

Kantini ilikuwa chumba kirefu chenye meza za bati na harufu ya grisi, ambayo kwangu siku ile ilikuwa marashi. Meneja, mwanamume mnene mwenye miwani iliyoning'inia shingoni, alikuwa ameshapokea sufuria tatu za watu wengine. Mafundi walionja za wale wakatikisa kichwa kwa heshima. Ilipofunuliwa ya Mama, fundi mmoja mwenye mvi aliacha kuongea katikati ya neno. Alichota, akala, akachota tena. Alipomaliza aliipangusa sahani kwa kidole na kukilamba hadharani, mbele ya watu. Niligeuza uso.

"Unafanyaje kupata harufu hii?" meneja akamuuliza Mama. "Unaonja mara ngapi?"

Nilimtazama Mama, nikajua hatadanganya.

"Sionji. Na pua yangu imekufa, mzee, sikufichi. Anayeninusia ni huyu binti yangu."

Meneja akanitazama, kisha akamtazama yule fundi, ambaye sasa alikuwa anakwangua sufuria. "Basi binti anaupenda sana mchuzi huu."

"Hapana," Mama akasema. "Hakuna anachokichukia zaidi duniani. Ndiyo maana hakosei."

Mafundi walicheka, meneja akacheka mpaka miwani ikarukaruka kifuani. Halafu akawa na uso wa kazi. Mchuzi unapikwa kila siku, akasema, si Jumamosi moja tu. Sufuria inatoka jikoni saa moja na nusu asubuhi. Je, huyu pua atakuwapo?

Mama hakunigeukia. Aliitazama meza ya bati, na niliona kwamba asingeniomba, hata kama ingemrudisha kwenye kile kiti dirishani. Saluni yangu inafunguliwa saa tatu, na ipo upande wa pili wa mji.

"Atakuwapo," nikasema.

Jumatatu nilifika mlango wa nyuma wa kantini kabla jua halijachomoza vizuri. Mama alitoka na aproni mpya na sufuria kubwa ya kulisha watu mia, akafunua kifuniko, akasubiri. Nilivuta pumzi moja tu. Nilikimbilia mtaro nikainama, na nyuma yangu nikamsikia akiwaambia wasaidizi wake, kwa sauti ya mtu mwenye kazi nyingi, kwamba umefika, wapakue. Sikutapika, nikapangusa machozi tu. Kisha nikarudi mlangoni, nikamkumbatia barabara, uso wangu umezama kwenye nywele zake zilizonuka, nikaenda kazini.