Kitatange wa Mama Mdogo

Mama yangu mdogo alikuwa na shimo lake la pweza kwenye mwamba wa Likoni, na alama yake ilikuwa samaki. Wanawake wengine walishika alama ya jiwe, au mkondo wa maji. Yeye alishika kitatange wawili. "Penye kitatange wangu ndipo penye shimo langu," alikuwa akisema, na hakuna aliyembishia, maana kitatange walikuwapo kweli. Hata mimi niliwaona tangu udogo wangu.

Niwaeleze kadiri niwezavyo, kwani sikusoma mbali. Ni samaki bapa, mpana kama kiganja, mweupe mbele na manjano nyuma, kama aliyechovywa mkia kwenye bizari. Ubavuni ana mistari myembamba, mingine ikipanda na mingine ikishuka, inakutana kama ukili unaosukwa. Utepe mweusi unampita jichoni, mfano wa wanja uliozidi. Nyuma, kwenye pezi la mgongo, ana doa jeusi la duara, hata usijue anakutazama kwa wapi, na hapo hapo unaning'inia uzi. Mdomo umechongoka, wa kudonoa vidudu kwenye nyufa za matumbawe. Hutembea wawili wawili. Ukiwatisha, huingia ufa mmoja. Ukitulia, hutoka pamoja.

Desturi yetu ni kwamba shimo ni la aliyetoa pweza wa kwanza, na baada yake ni la bintiye. Kuchokoa shimo la mwenzio ni kama kuingia jikoni mwake bila hodi.

Mwaka ule wanaume barazani hawakuwa na neno ila hili: Waingereza wakiondoka, mwambao utakuwa wa nani? Sisi tulikuwa na letu. Jirani yetu, Mdigo aliyeolewa kutoka Mtongwe, alimkuta mama mdogo amechutama mwambani na ufito wake wa chuma.

"Dada, hapo ni pangu. Nimeachiwa na mama mkwe, hakuzaa binti."

"Pako! Na hawa kitatange ni wa nani?"

"Samaki ni wa Mungu. Shimo ni langu."

Walirushiana maneno mpaka maji yakawafika magotini. Mwisho wakakubaliana kwamba bamvua lijalo, maji yakikupwa kabisa, twende sote watatu. Macho ya mama mdogo yalikuwa yameingia ukungu, naye hakupenda jambo hilo litajwe, basi mimi ndiye wa kutazama kitatange wake wako wapi, na shimo la hapo liwe la mama mdogo. Jirani aliridhia. Alisema tu, "Mwanao huyu hasemi uongo," na neno lile likanikaa shingoni.

Sikutulia tena. Nikiketi nasimama, nikisimama sijui niendako. Maziwa yalifurika jikoni nikiyatazama. Tangu afiwe na mume, shimo lile ndilo pekee lililomlisha mama mdogo bila kumwomba mtu. Nikimpa, nitasemwa kuwa damu imenivuta. Nikimnyima, atakula kwa mkono wa nani? Na jirani naye sikuona hila usoni mwake. Nilijaribu kumchukia ili kazi iwe nyepesi, nikashindwa.

Siku ilipofika maji yalikupwa sana. Niliinama kwenye kidimbwi, nikawaona: wawili, utepe, doa, uzi. Moyo ukaruka. Nilikuwa nimekwisha kufungua kinywa, kisha nikageuza kichwa. Kwenye jiwe la pili, wawili. Nyuma ya jirani, wawili. Nilihama matumbawe kwa matumbawe, na karibu kila penye tumbawe zima lenye nyufa palikuwa na mume na mke wake, sawasawa na wale.

"Wako?" akauliza mama mdogo.

"Wako, mama."

"Wapi?"

"Hapa. Na pale. Na kule mbele pia."

Nilidhani jirani atapiga vigelegele, lakini alikuwa akitazama kikapu chake.

"Tangu lini wako wengi?" mama mdogo akauliza.

"Tangu zamani, dada," jirani akajibu polepole. "Ulikuwa ukifuata waliokupitia mbele. Ukichokoa kwa huyu, ukichokoa kwa yule. Tulinyamaza."

"Mkinicheka!"

"Wallahi hatukucheka. Alicheka mmoja, nikamgombeza."

Tulirudi ufukoni, na kwa kila tumbawe mama mdogo aliuliza, "Na hili la nani?" Jirani akamtajia jina la mwenyewe. Alasiri ile ile nilimshika mama mdogo mkono, tukapita nyumba kwa nyumba akitaka radhi. Mwanamke mmoja alimwambia, "Mimi sina shimo upande ule, bibi, lakini nimekusamehe."

"Uweke msamaha wako," mama mdogo akasema. "Pengine utahitajika."

Na mimi hakunisemesha, wala kwa hasira wala kwa shukrani.

Bamvua lililofuata alikaa kitandani, ufito ameusukuma uvunguni. Wanawake walikuwa wakipita njiani. Jirani akabisha hodi.

"Mbona hujajifunga leso?"

"Nina shimo gani mimi?"

"Langu. Leo chokoa wewe, kesho mimi. Inuka, maji hayangoji."

Alijivuta kidogo, akaguna, akainama kuutafuta ufito wake. Walitoka wameshikana mikono wakibishana njia ipi haina miba. Hawakuniita. Nilisimama mlangoni mpaka sauti zao zikapotea, kisha nikachukua fagio, nikaanza kuufagia ua niliokwisha kuufagia.