Neno Moja la Kizulu

Siku yangu ya kwanza kazini, mwaka 2008, Mwongozaji wa filamu alifunga mlango kwa mnyororo kabla hata hajanisalimu. Tulikuwa watu sita ndani ya gereji ya kupanga kule Morningside, Durban, Afrika Kusini, na mjini wageni walikuwa wakipigwa na kutolewa majumbani.

"Karibu, Mama Mwalimu," akasema. "Hapa tunatengeneza vichekesho. Ila tucheke polepole, majirani wasisikie lugha yetu."

Nilikuwa nimefundisha shule ya msingi Tanga miaka mingi kabla ya kumfuata binti yangu Durban. Skripti, yaani maandishi ya filamu, sikuijua. Mwongozaji, Mkongomani mrefu asiyecheka kamwe, alisoma kurasa zangu za kwanza akanirudishia.

"Umeandika 'anaogopa.' Kamera itaona nini, Mama? Andika anachofanya."

Huo ndio ufundi wenyewe, vijana. Skripti hugawanywa katika sini, yaani vipande vya tukio. Mahali au saa ikibadilika, sini mpya inaanza. Chini yake unaandika kinachoonekana na kinachosemwa, basi.

Filamu zetu zilichezwa kwenye saluni na maduka ya simu ya watu wetu. Nyota wetu alikuwa Papa Kitoko, kinyozi mnene wa Bukavu. Akiinua nyusi tu, watu wanashika mbavu. Tulirekodi Westville kwenye vyumba vya wanafunzi, halafu Pinetown, pembeni ya Durban. Sini za nje niliziandika fupi makusudi. Sikupenda tusimame barabarani muda mrefu tukiongea Kiswahili.

Mwaka 2015 niliandika sini ya mume anayekimbizwa na mkewe karibu na stendi ya taxi, daladala za huko, Pinetown. Ili watazamaji wacheke zaidi, nilimpa mke neno la Kizulu: "Mbambeni!" Mkamateni.

Mwongozaji aliliwekea alama ya kalamu. "Lazima liwe la Kizulu?"

"Kwa Kiswahili halichekeshi," nikamjibu.

Wiki ya kurekodi, habari za wageni kushambuliwa zilikuwa zimeanza tena. Nilitaka kusema tuahirishe. Nikaona aibu.

Asubuhi hiyo Papa Kitoko alinunua maandazi kwa mama mmoja wa Kizulu pale stendi, akamchekesha mpaka akakaa chini. Kisha tukaanza. Papa Kitoko akachomoka, mwigizaji wa kike nyuma yake na sufuria, akipiga kelele neno langu.

Mwanamume mmoja akageuka. Akaanza naye kumkimbiza Papa Kitoko. Wakaongezeka watatu, kisha sikuweza kuwahesabu. Papa Kitoko alitazama nyuma mara moja, akaacha kuyumba kwa maringo ya kuchekesha. Akakimbia kweli.

Nilipiga kelele kwa Kiswahili, lugha isiyoweza kumsaidia. Mwongozaji aliitupa kofia yake akawafuata, kamera ikabaki kwenye miguu yake mitatu, ikirekodi.

Walimwangusha kwenye kona. Yule mama wa maandazi alifika kabla yetu, akajilaza juu yake na kuwafokea kwa Kizulu: huyu ni mwigizaji, tazameni kamera ile, mnaua mtu wa sinema! Mmoja alitazama. Wengine wakatazama. Wakaondoka mmoja mmoja.

Mkono wa Papa Kitoko ulivunjika mahali pawili.

Kwenye uhariri, yaani kukata na kuunga picha, Mwongozaji alitaka sini nzima itupwe. Papa Kitoko akakataa, mkono wa plasta ukining'inia shingoni. "Ile kona muikate. Mbio muziache. Nilikimbia muzuri."

Filamu ilipotoka nilikwenda kuitazama kwenye saluni yake. Ilipofika sini ile watu walicheka, na walicheka zaidi pale alipotazama nyuma. Papa Kitoko alikuwa ameipa televisheni mgongo, mashine ya kunyolea imezimwa mkononi, akisubiri sini ipite.

Kesho yake nilimwambia Mwongozaji kwamba nimeacha kazi. Hakuniuliza sababu. Alinisindikiza mpaka kwenye taxi.

Sasa nimestaafu, nalea wajukuu. Watu huniambia zile mbio ndizo sini bora niliyowahi kuandika. Nawashukuru. Sijawahi kuwaonyesha mahali maandishi yangu yanapoishia na mbio za kweli zinapoanza.