Benchi la Mwananyamala Lililokwenda Leipzig

Rangi ya mafuta haikauki vizuri wakati wa masika. Nikikumbuka mwaka aliofariki mama, kinachonijia kwanza ni harufu ya rangi mbichi, ile ya makopo ya kupakia mageti, iliyozimuliwa kwa mafuta ya taa, ikichanganyika na unyevu wa godoro na moshi wa mkaa uliolowa. Baba alikuwa mchoraji. Kibanda chake cha mabati kiliegemea ukuta wa nyumba tuliyopanga vyumba viwili Mwananyamala, na mvua ilipozidi alizihamishia picha ndani, akazipanga juu ya kabati na chini ya kitanda changu. Nilikuwa na miaka kumi. Baba alichora twiga kwa ajili ya maduka ya watalii, twiga wenye shingo zinazopindana, mpaka vijana wa kijiweni wakambatiza Fundi Twiga. Twiga mmoja akipendwa, baba alimchora tena na tena, na hakuna aliyeona ajabu. Kwa wachoraji wa kwetu, kurudiwa ndiyo ilikuwa heshima ya picha. Isiyoombwa mara ya pili ilihesabiwa imekufa.

Mama aliugua figo. Siku zake za mwisho sisi tuliishi kwenye benchi la nje ya wodi, pale wanawake wanapokaa na vyombo vya uji mapajani wakisubiri saa ya kuona wagonjwa. Tulimzika kwenye makaburi ya bondeni, na baba mwenyewe aliandika jina lake kwenye kibao: Mwajuma binti Salehe. Kabla ya arobaini mvua ilikwisha kukichukua kibao pamoja na vibao vya wenzake. Baba alikwenda kukitafuta, akarudi na matope hadi magotini. Tangu siku ile kaburi tulilijua kwa kukadiria. Hakulia mbele yangu, ila wiki ile hakuchora twiga. Alichora lile benchi: wanawake wa kanga wametupa mgongo, katikati yao pengo la kumtosha mtu mmoja, na chini ya pengo ndara za mama, za bluu, kamba moja imeshonwa kwa uzi mweusi.

Jirani yetu Mama Zulfa, aliyekuwa akikaanga mihogo barazani, alikuja kuomba chumvi akaiona.

"Baba Rehema, hivi viatu vya nani?"

"Vya mama Rehema."

Mama Zulfa alikuwa amefiwa na mwanawe Hamisi kwa ajali ya pikipiki mwaka uliotangulia. Alisimama na chumvi yake kiganjani. "Nichoree na mie," akasema. "Weka raba za Hamisi. Uzichore chafu hivyohivyo, usimpendezeshe, hakuwa mtu wa kufua yule." Akacheka huku akijifuta kwa upindo wa kanga. Baba akachora benchi lilelile na wanawake walewale, akabadilisha viatu tu. Habari ikatembea. Wakaja wengine, hata mtu na mkewe kutoka Buguruni waliofiwa na mtoto, wakileta kandambili moja ya kijani iliyobaki ili isikosewe rangi. Wahenga walisema kifo cha wengi arusi. Kwetu hapakuwa na arusi, lakini niliona wafiwa wakikaa kibandani kwa baba, wakimweleza jinsi soli ilivyokuwa imelika upande mmoja, na wakiondoka wepesi kidogo kuliko walivyokuja.

Mvua zilipokuwa zikiishia alikuja mama mmoja wa Kijerumani aitwaye Karin, akiwa na mkalimani. Alikuwa akitafuta kazi za maonyesho ya jumba la sanaa katika mji wa Leipzig. Wale twiga aliwapita kama mtu anayepita mbele ya duka lililofungwa. Mbele ya benchi la mama alisimama mpaka chai yake ikapoa. Akauliza ni nini, baba akamweleza. Hakuuliza kama yapo mengine, na baba hakuona sababu ya kusema. Muuza chapati haelezi kwamba amekwisha kuchoma nyingine. Sharti la baba lilikuwa moja: jina la mama liandikwe ukutani, ubavuni mwa picha. Karin akakubali. "Kule mvua haiingii," baba alimwambia shangazi Tabu, dada yake aliyekuja kunilea. Shangazi akatikisa kichwa: "Wifi yangu huyu, hata kufika Tandika alikuwa mvivu, leo jina lake likae Ulaya." Tulicheka kwa mara ya kwanza tangu msiba. Lakini nililishika neno lile la mvua. Nilikuwa nimeanza kuogopa kwamba hakuna mahali popote duniani mama alipoandikwa, na sasa palikuwa na ukuta.

Tikiti ilikuja wakati wa kipupwe. Mkono mtupu haulambwi, na baba hakuwa mtu wa kwenda ugenini bila kitu. Alichora mabenchi mengine manne ya kuwapa wenyeji wake, akayafunga katika kanga za mama. Chini ya pengo hakuchora viatu. Alisema atawauliza wenyewe, kila mtu na maiti wake.

Alirudi kabla ya siku tuliyomtarajia. Alasiri ya kesho yake alikaa mkekani na shangazi na Mama Zulfa, nami nilikuwa nikichambua mchele, ndipo akasimulia. Alisema jumba la sanaa ni la vioo, kubwa, na ndani kuna baridi na ukimya. Picha moja hupewa ukuta mzima peke yake, na watu huisogelea polepole kama wanaoingia kumuaga maiti. Walimpeleka pia kwenye kiwanda cha zamani cha pamba chenye bomba la moshi la matofali, ambako mashine ziliondolewa wakaingia wachoraji. Kila chumba mchoraji wake, na vijana wamesimama na chupa za bia wakitazama turubai. Alikipenda kiwanda kile, kwa sababu kilinuka rangi. Katika jumba moja alikuta picha za mzee mmoja aliyechora mlima mmoja chumba kizima, mlima ule wa asubuhi, wa jioni, wa theluji. Akauliza mbona karudia. Wakamwambia huo ni mfululizo. "Nikawaambia, basi na mie ninao," alisema baba. Walidhani anatania.

Siku moja kabla ya ufunguzi walimwandalia chakula. Benchi la mama lilikuwa limekwisha kutundikwa, na jina lake lipo. Alilisoma mwenyewe, herufi kwa herufi. Baada ya kula akafungua kanga na kutoa zawadi. Akamwomba mkalimani awaulize wenyeji mmoja mmoja: umefiwa na nani, na alivaa viatu gani? Bibi mmoja tu, mke wa mkurugenzi, ndiye aliyejibu: baba yake, buti za kahawia, za kamba. Akaanza kulia, mumewe akamshika mkono na kutazama sahani. Karin alikuwa akiyahesabu yale mabenchi kwa macho.

Asubuhi wakamwita ofisini. Walikuwa wamewaandikia watu kwamba mgane mmoja alichora picha moja maishani kwa ajili ya mkewe, haina ya pili.

"Wanasema nimewaongopea?" baba alimuuliza mkalimani.

"Hapana, mzee. Wanasema hamkuelewana."

Akufukuzaye hakwambii toka. Mchana ule benchi liliteremshwa na kupelekwa jumba jingine la mji huohuo, lenye ngoma, vikapu na mitumbwi ya watu wa mbali. Kule vitu haviandikwi majina ya watu. Baba alibaki siku mbili hotelini, akanunua rangi, akamchorea yule bibi buti za baba yake, kisha akaomba kurudi.

"Sasa na jina?" akauliza shangazi.

"Wamelitoa."

Mama Zulfa alisonya. Mimi niliendelea kuchambua mchele, nikitupa na ulio mzima. Kijiweni walimpokea kwa maneno yao: "Fundi Twiga, vipi, wazungu wamekurudishia mzigo?" Baba alicheka nao. Lakini hakuchora benchi tena, wala twiga. Alipaka mageti ya watu mpaka macho yalipomchoka.

Leo mimi ni mkubwa kuliko mama alivyowahi kuwa. Makaburi ya bondeni yamejaa, wamezikwa watu juu ya watu, na siwezi kuwaonyesha wanangu hata kwa kukadiria. Majumba ya kule nayo yamebadilika. Siku hizi wanapekua ghala zao wakitafuta majina waliyoyaacha. Mwaka huu, kwa kuelekezwa na mkalimani wa siku zile, wameniandikia barua pepe ya adabu nyingi, wakiomba jina la mchoraji na la mtu anayekumbukwa. Nilikwenda Mbagala, anakoishi baba sasa, nikamsomea.

"Andika Mwajuma binti Salehe," akasema. "Halafu Hamisi wa Mama Zulfa. Halafu yule mtoto wa Buguruni."

"Baba, picha waliyonayo ni ya mama."

"Benchi ni lilelile. Ukipeleka la mama yako peke yake, umekubali kwamba yale mengine yalikuwa uongo."

Nikayapeleka yote aliyoyakumbuka. Wakajibu kwamba kibao cha ukutani kina nafasi ya jina moja, na watafurahi kuliweka la mama. Niliporudi kumweleza, baba aliniuliza mimi ninataka nini. Nilimwambia ukweli, kwamba ninataka la mama, nimelitaka tangu nina miaka kumi. Akasema mtoto ana haki kwa mama yake, nifanye ninavyoona, ila yeye nisimuulize tena.

Sijawajibu. Katika picha ya kamera waliyonitumia pamoja na barua, ubavuni mwa benchi pameandikwa Dar es Salaam, basi. Mama Zulfa yu hai, haoni vizuri, na baba alikwisha kumwambia kwamba majina yametumwa. Kila nikienda kumwamkia, shikamoo haijaisha mdomoni, huniuliza: "Vipi, Hamisi wetu kishafika Ulaya?"

Namwambia bado.