Mjane wa Kwenye Filamu

Marehemu Karthyayani alisokota biri miaka thelathini katika banda moja huko Kannur, kusini mwa India. Mume alikuwa naye mwaka mmoja tu. Kunhambu alikatwa mapanga na wapinzani wa chama chake akiwa njiani kumtafutia mtoto wao mchanga dawa ya homa. Dawa haikufika, na mtoto naye hakupona. Chama kilimjengea Kunhambu mnara mwekundu njia panda, na kila mwaka, siku aliyouawa, shada la kwanza liliwekwa na mjane. Heshima nyingine hakuwa nayo, wala hakuitafuta.

Kisha wakaja watu wa filamu, kuigiza kifo cha Kunhambu. Walikaa miezi miwili, wakajifunza hata kumeza maneno kama watu wa kwetu. Karthyayani aliwapikia muhogo na samaki, akawaazima nguo yake ya arusi.

Filamu ilipotoka, kijiji kizima kilijaa ukumbini. Basi lilikuwa basi lao, mkahawa ulikuwa mkahawa wao, hata mbwa wa muuza chai alipita. Watu wakapiga makofi. Ndipo wauaji wakagonga mlango, na yule mke wa filamuni akanyoosha kidole darini alikojificha mumewe.

Makofi yakakatika.

"Si hivyo!" Karthyayani alisema gizani. "Alikuwa njiani. Mnajua alikuwa njiani!"

"Nyamaza, mama, tunatazama."

Kesho yake bandani, Sarojini, jirani yake wa miaka yote, alivuta ungo wake wa tumbaku mbali.

"Kidole chenyewe ndicho hicho unachosokotea biri?"

Wanawake wakaangua kicheko.

"Sarojini, siku ile wewe ndiye uliyeniletea maji. Ulimwona barabarani."

"Nilikuwa msichana, nitakumbuka nini? Wameonyesha hadi ufa wa ukuta wako. Waje waongope hilo moja tu?"

Karthyayani akaenda kwa Pavithran, katibu wa tawi la chama.

"Dada, mimi najua," alisema Pavithran, macho chini. "Nilimbeba kwa mikono hii. Lakini watu wameona."

"Wameona filamu!"

"Basi nenda kawaambie hawakuona. Mwaka huu pumzika nyumbani. Shada ataweka yule mwigizaji aliyekuwa Kunhambu. Amekubali kuja."

Karthyayani alifunga siku tatu, akamlilia mungu wa kike Bhagavati, kisha siku ya mnara akaenda na shada lake mkononi.

Mwigizaji aliposhuka garini, wanawake walilia, "Kunhambu! Kunhambu wetu!" Sarojini alimgusa miguu kwa heshima. Karthyayani akapenya hadi mbele. Kijana mmoja wa chama akamdaka mkono.

"We mama, wapi?"

"Kwa mume wangu."

Watu wote wakamgeukia mwigizaji, waone kama atamkubali. Naye, kwa adabu, akamwinamia Pavithran.

"Huyu ni nani?"

Pavithran alimtazama Karthyayani, akautazama umati.

"Mama mmoja tu wa hapa," alisema. "Karibu, bwana, mnara ni huu."